Nyasi tatu zinazofanana zinameza paspalum yangu. Ni lumbugu, ukoka au nini?

#1 Mzawa_Kitoro
Wakuu, salaam. Kompaundi yangu (uwanja wa nyumba) hapa Entebbe ni ya nyasi za paspalum, zilizopandwa na mwenye nyumba wa kwanza, na kwa muda mrefu hazikunisumbua. Tangu mvua za Machi zianze kuna nyasi nyingine zinaingia na nashindwa kuzitofautisha.

Ya kwanza ina jani jembamba, inatambaa, rangi imepauka kidogo kuliko paspalum. Iko upande wa ua wa jirani na inakuja kwa kasi. Ya pili imelala chini, imejitandaza duara pale gari linapogeuzia. Ukiivuta inakatikia juu, shina linabaki. Ya tatu iko chini ya mwembe, ni paspalum tupu ukiitazama kwa mbali, ila jani lake ni laini na pana zaidi.

Kijana anayefyeka anasema zote ni lumbugu. Jirani, mzee wa heshima zake, anasema ya kwanza ni ukoka, niiache itanipa uwanja mzuri. Duka la pembejeo wanataka ninunue dawa moja "inayomaliza zote". Nimsikilize nani?

#2 Fundi_Fyekeo
Ikiwa kijani na ukiifyeka inalingana, hiyo ni kompaundi, mkuu. Mengine ni kujitafutia presha.

#3 MamaTendo_Nakawa
Kijana wako anasema kweli, ni lumbugu. Sisi tuliokulia kwenye migomba tunaijua hata usiku. Hiyo haina dawa, ni kuchimba kwa jembe uma, kuokota kila uzi mweupe na kuuanika juani mpaka ukauke kabisa. Ukiacha kipande cha kidole, mvua inayofuata umerudi pale pale. Na usiitupe kwenye shimo la mboji, utaisambaza shamba zima.

#4 Bwana_Suke
Mama Tendo, kwa heshima yako, hiyo ya pili haiwezi kuwa lumbugu. Lumbugu haikai kichaka kimoja kimoja. Inatembea chini kwa chini na kutokea pasipotarajiwa.

Mzawa, tenga kipande cha hatua mbili kwa mbili, mwambie kijana asikiguse mpaka kitoe masuke. Nyasi zikishafyekwa ni majani matupu, hata mtaalamu anababaika. Ukiona suke, ubishi unapungua. Paspalum inatoa matawi mawili tu kileleni, yamefunguka V. Ukoka una vidole vitatu hadi saba, mara nyingi vinne au vitano, na vyote vinachomoza nukta moja. Lumbugu nayo ina vidole vyembamba lakini havitoki nukta moja, vinapishana juu ya bua, kimoja chini kidogo ya kingine. Hapo ndipo wengi wanapochanganya. Ukitazama kwa haraka utasema ni kitu kimoja.

Hiyo ya kwenye gari nahisi ni kasibanti. Angalia kitako chake. Kama kimebanwa bapa na ni cheupe, usitafute zaidi. Suke lake lina vidole vinene kama vya ulezi, kwa sababu ni jamaa ya ulezi kweli, jenasi moja, Eleusine. Mara nyingi kidole kimoja kimeshuka peke yake chini ya wenzake.

#5 Afande_Bombo
Kungoja masuke ni kuipa adui risasi, kasibanti moja inamwaga mbegu maelfu. Kuna njia ya haraka. Chukua bua moja, vuta jani taratibu kulitenga na bua, tazama pale ndani wanapoachana, kwenye mwanga. Ukoka una ukingo wa vinywele vifupi vyeupe. Lumbugu ina utando mwembamba, hauna vinywele hivyo. Macho yakiwa yamechoka, tumia kamera ya simu, kuza picha.

Halafu chimba. Lumbugu utakuta nyuzi ndefu nyeupe zimesukana chini, na ncha zake zinachoma.

#6 Bwana_Suke
Afande, la vinywele na utando nakubali mia kwa mia. La kuchimba ndilo lenye mtego. Ukoka nao una mashina ya chini ya ardhi pamoja na yale ya juu, kwa hiyo kuona nyuzi chini hakutoshi kusema lumbugu. Ile ndugu yake kubwa, nyasi ya nyota, Cynodon nlemfuensis, ndiyo haina ya chini, inatambaa juu tu. Huyo mzee jirani huenda anayo ya nyota kwa ng'ombe wake akaiita ukoka. Zote ni Cynodon, hajakosea sana.

#7 Omusoga_wa_Ziwa
Jinja hapa. Hiyo ya pili ni kasibanti, na ugonjwa ni gari. Udongo ukishindiliwa paspalum inakosa pumzi, kasibanti inafurahi. Nenda uwanja wowote wa shule utaikuta mbele ya goli, pale watoto wanapokanyaga kila siku. Unaweza kuing'oa mwaka mzima, usipoacha kuegesha hapo unacheza. Toboa udongo kwa uma baada ya mvua, mwaga mchanga, panda upya. Au weka vitofali upaite maegesho, mambo yaishe.

#8 Dada_Kabalagala
Mimi niliwaambia vibarua watoboe kwa uma, wakaniuliza nani ameficha pesa chini 😂

#9 Mzawa_Kitoro
Asanteni. Nimetazama kwa kamera ya simu kama Afande alivyoelekeza. Ya kwanza sioni vinywele, naona kitu kama utando. Ya pili kitako ni cheupe, bapa kabisa. Hiyo nimekubali. Sasa ya tatu? Na dawa je?

#10 Mwalimu_wa_Botania
Ya tatu chini ya mwembe ina watuhumiwa wawili, wote wageni kutoka Amerika ya kitropiki, wote wanapenda kivuli na unyevu. Mmoja ni Axonopus compressus, wengi wanaiita nyasi ya kapeti. Wa pili ni Paspalum conjugatum, ndugu wa damu wa hiyo uliyonayo.

Shika jani ulitazame nchani. La kapeti limeviringa butu, na shina linalotambaa limebanwa bapa. La conjugatum limechongoka, na kwenye mafundo ya shina kuna vinywele. Likitoa suke, conjugatum ina matawi mawili yamenyooka pembeni karibu kulala, na mbegu zake zina vinywele kwenye kingo, zinang'ang'ania soksi na manyoya ya mbwa. Ya kapeti mara nyingi ina mawili hadi matatu, membamba.

Usiige ya watu wanaosema "ina V basi ni paspalum". Hizi tatu zote zinaweza kukuonyesha V ukiwa umesimama.

#11 Fundi_Fyekeo
Mwalimu, sasa nifyeke nimevaa miwani ya kusomea?

#12 MamaTendo_Nakawa
Mimi ya chini ya mwembe ningeiacha. Paspalum kivulini inakonda, unabaki na udongo mtupu, mvua ikinyesha tope linaingia barazani. Hiyo ya kapeti imekuja kukusaidia. Kompaundi si lazima iwe rangi moja, si sare ya shule.

#13 Kiongozi_Kololo
Wapangaji wangu wa kizungu wakiona rangi mbili wananipigia simu. Kwangu ni lazima iwe moja.

#14 Dawa_na_Mbegu
Naona wengi wanazunguka suala la dawa, mimi niko kwenye biashara hiyo (si duka la Mzawa). Niwe mkweli: hakuna dawa "inayomaliza zote" ikaacha paspalum. Ile inayouzwa sana kwa ajili ya lawni ni 2,4-D, nayo inaua magugu ya majani mapana, ssere na wenzake. Nyasi haizigusi. Ukipuliza 2,4-D juu ya lumbugu umeinyunyizia maji ya bei ghali. Glaifoseti inaua kila chenye kijani, pamoja na paspalum yako.

Na jihadhari na metisalfuroni. Kuna watu wanaiuza kwa maneno kuwa ni salama kwa nyasi. Ni salama kwa ukoka. Paspalum ya aina yako inaichoma vibaya, kwingine inatumiwa makusudi kuiondoa paspalum ndani ya ukoka. Soma kibandiko kabla hujafungua chupa.

#15 Dada_Kabalagala
#14 ungekuja mapema ssebo. Mwenye nyumba wetu alipuliza kitu kama hicho kabla ya harusi ya binti yake. Picha zote za bustani nyuma ni kahawia. Mpiga picha akasema ni mtindo wa kizamani.

#16 Afande_Bombo
Glaifoseti inafaa ukijua kuitumia. Usipulizie, paka. Vaa glovu ya mpira, juu yake glovu ya kitambaa, chovya kitambaa kwenye dawa ukamulie, kisha pitisha mkono kwenye jani la lumbugu lililozidi urefu wa paspalum. Kwa hiyo usifyeke kwanza! Watu wanafyeka asubuhi, wanapaka mchana, wanasema dawa feki. Jani ndilo mlango wa dawa, ukilikata inapitia wapi? Iache irefuke, iwe kijani, isiwe imekauka kwa jua. Ukishapaka usichimbe kwa wiki mbili hivi, dawa ishuke mpaka mashina ya chini.

#17 Omusoga_wa_Ziwa
Na maji yawe safi. Hili mafundi hawalijui. Glaifoseti inashikana na chembe za udongo, ndiyo maana ikigusa ardhi haifanyi kazi. Ukichanganya na maji ya mtaro au ya kisima chenye tope, umeshaiua ndani ya bomba la kupulizia. Tumia maji ya bomba au ya mvua. Na uangalie anga, ikinyesha kabla ya muda wa saa sita kupita tangu upake, kazi nyingi imepotea.

#18 Mpenda_Asili
Au msiue kabisa. Lumbugu ni ya hapa hapa Afrika, paspalum ndiyo mgeni kutoka Amerika. Mwenyeji anarudi kwake mnamwita mvamizi 😅

#19 MamaTendo_Nakawa
#18 nipe anwani yako nikuletee wenyeji lori moja.

#20 Kiongozi_Kololo
Turudi kwenye chanzo. Kwa nini inaingia sasa na si miaka ile? Mimi nasema ni udongo. Kila anayejenga Entebbe na Wakiso anamwagiwa tipa la udongo mweusi, hakuna anayeuliza umechimbwa wapi. Unachimbwa kwenye shamba lililotelekezwa, limejaa lumbugu. Mzawa, ulimwaga udongo?

#21 Mzawa_Kitoro
Jirani ndiye alimwaga, mwaka jana, upande ule ule wa ua. Mimi niliweka samadi ya ng'ombe tu.

#22 Kiongozi_Kololo
Kesi imeisha.

#23 Bwana_Suke
Haijaisha. Samadi inaleta mbegu, na kasibanti inaweza kupita tumboni mwa ng'ombe ikatoka hai. Lumbugu kwa kawaida haiji kwa mbegu ya samadi, inakuja kwa vipande. Kwa hiyo una mambo mawili tofauti kwenye kompaundi moja, yenye vyanzo viwili tofauti.

#24 Fundi_Fyekeo
Sasa niseme la kazini, utani pembeni. Chanzo ni sisi mafundi na wenye nyumba wanaosema "kata chini kabisa, nisikulipe tena mwezi huu". Paspalum inataka kuachwa sentimita saba mpaka kumi. Ukiikwangua mpaka udongo uonekane, jua linapiga chini na kila mbegu iliyolala inaamka. Ukoka ndio unaovumilia kukatwa chini. Mtu ana paspalum anataka ionekane kama uwanja wa gofu, halafu analaumu tipa la jirani.

Jambo la pili, fyekeo na mashine vinatoka kompaundi moja kwenda nyingine bila kuoshwa. Nimeona mashine imeviringiwa nyuzi za nyasi ya mtaa mwingine kwenye ekseli. Mnatulipa kwa kompaundi, hakuna anayelipia kuosha.

#25 Mwalimu_wa_Botania
Hili la #24 lina uzito kuliko tunavyodhani. Ila urefu peke yake hautaitoa lumbugu ikishaingia, kwa sababu akiba yake iko chini. Inasaidia kwa kasibanti.

#26 Mkiga_Baridi
Kabale hapa. Ninyi mna lumbugu, sisi tuna nyasi ya Kikuyu. Haikauki, haizimiki, inapanda ukuta. Kampala hamuioni sana kwa sababu mko mita 1,200 hivi, yenyewe inapenda huku juu kwenye ubaridi. Na njia ya masuke ya Bwana Suke kwake inagonga mwamba. Maua yamefichwa ndani ya ala ya jani. Asubuhi baada ya kufyeka unaona nyuzi nyeupe nyembamba zimechomoza, hizo zinatoka kwenye maua. Watoto wanadhani ni utando wa buibui.

#27 Bwana_Suke
Mkiga, hapo umenifunga.

#28 Nubi_wa_Arua
Kuna mtu amefikiria ndago? Maelezo ya "naivuta inakatikia juu" yamenikumbusha. Viringisha bua kati ya vidole viwili. Likiwa na pembe tatu, hiyo si nyasi kabisa, na majani yake yanatoka kwa safu tatu. Chini kuna viazi vidogo vyeusi vimeunganishwa kwa uzi, unang'oa kimoja vingine vinabaki na kuota.

#29 Mzawa_Kitoro
Nubi umeniharibia Jumapili. Nimeenda kuviringisha kila kitu. Ya kwenye gari bua ni bapa, si pembe tatu. Lakini karibu na bomba la maji kuna pembe tatu! Nimechimba sijaona viazi, ni kamba nyekundu nyekundu inatambaa. Juu kuna kifundo cha kijani, mviringo, na vijani vitatu chini yake.

#30 Nubi_wa_Arua
😂😂 Karibu chamani.

#31 Mwalimu_wa_Botania
Kifundo mviringo bila viazi, penye unyevu karibu na bomba: hiyo ni Kyllinga, jamii moja na ndago lakini tabia tofauti. Rekebisha bomba linalovuja kwanza. Ndago halisi ndiyo inayotaka dawa ya halosalfuroni ikipatikana, inachagua jamii hiyo na paspalum inaivumilia. Kung'oa ndago kwa mkono kila ikitokea, bila kuruka wiki, nako kunachosha viazi. Kunakuchosha na wewe pia.

#32 Afande_Bombo
Kwa kasibanti msitegemee dawa sana. Malaysia walishaona kasibanti sugu kwa glaifoseti tangu 1997. Kisu chenye ncha, kata shina chini ya kitako, baada ya mvua, kabla ya suke. Kazi ya dakika tano na chai yako mkononi.

#33 Dada_Kabalagala
Na karatasi ya nailoni ile ya kupika magugu kwa jua? Niliona watu wanatandika.

#34 Omusoga_wa_Ziwa
Inafanya kazi ikiwa angavu, si nyeusi, udongo umelowa, kingo zimefukiwa, na jua kali wiki nne mpaka sita. Januari na Februari ndiyo nafasi. Kwa Entebbe na mawingu yale ya ziwa sina imani sana. Na inapika paspalum pia, kwa hiyo ni kwa pale unapotaka kuanza upya.

#35 Kiongozi_Kololo
Mnasahau nsenene, panzi wale wa kuliwa. Novemba zikishuka, taa ya usalama ikiwaka, mtaa mzima umo kwenye kompaundi yangu na mabeseni. Asubuhi nyasi zimelala chini zote. Kasibanti yangu nadhani ilianzia hapo.

#36 Fundi_Fyekeo
Nsenene ulikula lakini?

#37 Kiongozi_Kololo
Nilikula.

#38 Mpenda_Asili
Kwangu ni kaloli, korongo wale wakubwa. Wanatembea kwenye nyasi saa moja asubuhi kama wabunge wanaongoja kikao, wanaacha madoa meupe yanayounguza. Nani ana dawa ya kaloli?

#39 MamaTendo_Nakawa
Kata mti wanaolala. Lakini wewe ni mpenda asili.

#40 Mzawa_Kitoro
Nimefanya hivi: kasibanti nakata kwa kisu, gari nimelihamisha, bomba fundi anakuja. Ya mwembe naiacha. Lumbugu ndiyo inayonipa wasiwasi, maana jirani anasisitiza ni ukoka na anaimwagilia. Leo kipande nilichokitenga kimetoa suke la kwanza. Vidole vinne. Viwili vinaonekana kutoka nukta moja, viwili viko chini kidogo.

#41 Afande_Bombo
Lumbugu.

#42 Bwana_Suke
Suke moja halitoshi, subiri yafike kumi. Unaweza kuwa na zote mbili zimesukana.

#43 MamaTendo_Nakawa
Lumbugu. Niliwaambia tangu #3.

#44 Mwalimu_wa_Botania
Kausha sampuli kati ya magazeti, shina, mizizi na suke pamoja, uipeleke kwenye hebariamu (hifadhi ya mimea iliyokaushwa) ya Chuo Kikuu cha Makerere. Jani peke yake usiwapelekee.

#45 Mkiga_Baridi
Na wakisema ni lumbugu, nani atamwambia mzee?

#46 Nubi_wa_Arua
Tumtume Afande akiwa na sare.

#47 Nyasi_za_Barabarani
Nimesoma uzi wote kimya. Mimi nauza vipande vya paspalum kando ya barabara, na naona #20 anakaribia kutusema na sisi. Wapo wanaobandua nyasi kando ya kinamasi na kuziuza zilivyo, sikatai. Ukija kununua, kwangu au kwa mwingine, usitazame juu. Pindua kipande, kipukute udongo. Paspalum ina mashina manene, mafupi, yamelala karibu na uso wa ardhi. Ukiona uzi mweupe mwembamba unapita katikati yake, rudisha kipande, dai kingine, usione haya. Halafu omba vipande vitatu kutoka chini ya rundo, si vya juu, vya juu tunavipanga sisi.

#48 Fundi_Fyekeo
Huyu anatoa siri za kambi. Bei gani kwa mita, mkuu?

#49 Nyasi_za_Barabarani
Njoo inboksi. Na ukija na mashine yako, ioshe kwanza.